Mapigo ya Doto

10 Novemba 1953, Jumanne. Mvua: robo inchi.

Sista Hildegunda amenipa daftari hili niandike mvua. Kila asubuhi saa moja niende bustanini nikasome kopo la kupimia, niandike inchi, basi. Mvua inaandikwa kwa mstari mmoja, na ukurasa una mistari ishirini na minane. Sikulelewa kupoteza karatasi. Chini ya mvua nitaandika yale nisiyoweza kuyasema mbele ya mtawa.

La kwanza: nimewachoka watu wa huku. Mimi ni mtoto wa Isevya, mjini Tabora, nimezaliwa nyumba ya bati, na baba yangu fundi viatu alikuwa ananawa kabla ya kushika mkate. Mwaka wa sita huu nipo kwenye zahanati ya misheni, mwendo wa saa moja kwa miguu kutoka stesheni ya Goweko, nazalisha wake za watu wanaopenga kamasi kwa vidole na kupangusia ukutani. Ukuta wenyewe nimeupaka chokaa mimi.

Leo kumbikumbi wametoka. Justus, dresa wetu wa kufunga vidonda, amewala wabichi, na huku bawa moja limemganda kwenye mdomo wa chini ananiuliza kama bandeji zimekauka. Nilitoka nje nikatema mate.

13 Novemba, Ijumaa. Mvua: hakuna.

Siku za kliniki ni Jumanne na Ijumaa. Wajawazito wanapanda mezani mmoja mmoja, naweka kipembe changu cha mti juu ya tumbo, naweka sikio juu ya kipembe, saa mkononi, nahesabu moyo wa mtoto. Zamani Sista alikuwa akisikiliza tena nyuma yangu. Siku hizi hasikii hata kengele ya misa, kwinini ya miaka thelathini imemaliza masikio yake, basi ananitazama mdomo tu. Nikisema mia na arobaini, anaandika mia na arobaini. "Masikio yako ndiyo yangu, Imakulata," husema. Nakiri kwamba najisikia fahari.

Lakini matumbo yenyewe! Samli iliyochacha, majivu, kamba za dawa zilizolowa jasho la miaka. Kipembe kinateleza. Kila nikiinua kichwa shavu langu linanata kwa uchafu wa mtu mwingine. Nafuta kwa spiriti, halafu nafuta tena, mpaka ngozi inawasha.

17 Novemba, Jumanne. Mvua: inchi moja na robo.

Leo nina habari ya kuandika. Tekla, mke wa Dionis anayefanya kazi ya reli, ana mimba ya kwanza, miezi sita. Ndiye mwanamke pekee huku anayeoga kabla ya kuja kwangu, na kwa hilo peke yake nampenda. Nikapata moyo upande wa kushoto, mia na thelathini na sita. Nikiwa nainua kichwa nikasikia mwingine. Upande wa kulia, chini, mwembamba, una haraka kuliko ule wa kwanza. Nikahesabu mara tatu. Mia na hamsini.

"Tekla," nikasema, "una mapacha, Kulwa na Doto."

Akajifunika uso kwa kanga, akacheka mpaka meza ikatikisika. "Wawili, Mama? Kweli? Nitawabeba vipi?"

"Mmoja mgongoni, mmoja kifuani, kama wenzako."

Nyanya yake Dionis alikuwa amekaa kizingitini na kopo lake la ugoro. Anaitwa Bibi Ngollo. Kabla misheni haijaja yeye ndiye aliyekuwa anazalisha nchi nzima hii, na bado anazalisha ninapogeuza mgongo. Alizaliwa kwenye msafara wa pembe za ndovu, kambini, na asubuhi yake mama yake akamfunga mgongoni wakaendelea na safari. Kila mgeni lazima aambiwe habari hiyo. Akaingia bila kukaribishwa, akaweka viganja tumboni kwa Tekla, akafumba macho.

"Huyu ni mmoja, binti," akaniambia. "Mkubwa. Amekaa vibaya kidogo, lakini mmoja."

"Umesikia kwa masikio gani, Bibi?"

"Mimi sisikilizi. Nashika."

Vidole vyake vina ugoro mpaka ndani ya kucha, na kope zake zina tongo. Nikamwambia atoke, nina kazi. Sikumwamkia alipoingia na sikumuaga alipotoka.

20 Novemba, Ijumaa. Mvua: nusu inchi.

Viatu vimeota ukungu. Kliniki kama kawaida, kunuka kama kawaida.

24 Novemba, Jumanne. Mvua: inchi moja.

Mapacha tena. Leo wawili: Apolinaria mke wa Masolwa, na msichana mmoja wa ng'ambo ya mto. Sista akainua nyusi. "Watatu kwa wiki moja, Imakulata?" Nikamwandikia kwa herufi kubwa: NIMEHESABU. Akacheka, akasema Mungu anakuwa mkarimu mvua zikianza.

1 Desemba, Jumanne. Mvua: robo tatu.

Wenye mapacha wanne kati ya tisa. Justus anasema, "Dada Imakulata, mwaka huu tujenge wodi ya pili." Alikuwa anatafuna karanga mdomo wazi. Niliziona zikigeuka uji mle ndani. Kuna watu wanasema mtu huzoea. Mimi miaka sita sijazoea, na sasa naona kila mtu anatafuna kwa nguvu kuliko mwaka jana, anameza kwa nguvu, anapumua kwa pua zilizojaa.

3 Desemba, Alhamisi. Mvua: nusu inchi.

Nilikwenda kwa Dionis kumtazama Tekla miguu, imevimba kidogo. Nikakuta kila kitu nyumbani kimekuwa viwili viwili: mikeka miwili midogo, vibuyu viwili, kuku wawili weupe wamefungwa kamba moja. Uani wanawake waliowahi kuzaa mapacha wamekuja kumwimbia, na nyimbo za mapacha ni matusi matupu, sehemu za siri za baba mkwe kwa majina yake. Wakristo hao, wengine wanakula komunyo kila Jumapili! Mmoja aliniona akanikatia kiuno. Nilisimama pale na mkoba wangu kama mjinga.

Bibi Ngollo hakuimba. Alikuwa anachambua mboga peke yake. "Umewaita wewe hawa," akaniambia. "Sasa wafukuze."

8 Desemba, Jumanne. Mvua: inchi mbili.

Sikukuu ya jina langu. Nimetimiza miaka arobaini na mitatu. Sista alinipa sanamu ya Bikira na keki yenye sisimizi ndani yake.

Mchana nilikwenda mtungini kuchota maji ya kunywa. Nilipoinama nikasikia moyo ndani ya mtungi. Ule ule mwembamba, wa haraka. Nikatazama: maji, na mbu mmoja amekufa. Nikahesabu kwa mazoea tu. Mia na hamsini. Nikayamwaga, nikausugua mtungi kwa mchanga, nikachota mengine. Nadhani ni damu yangu mwenyewe masikioni, kwa kuinama. Nadhani.

11 Desemba, Ijumaa. Mvua: 148.

12 Desemba, Jumamosi. Mvua: robo inchi.

Jana niliandika mia na arobaini na nane mahali pa mvua. Ilikuwa robo tatu. Sista akiona atasema nini? Sitafuta, nitachafua karatasi.

16 Desemba, Jumatano. Mvua: inchi moja na nusu.

Niandike yote leo, maana kesho watu watakuwa wameshapika yao.

Apolinaria mke wa Masolwa alijifungulia nyumbani Jumapili. Nimeletewa habari asubuhi: mtoto wa kiume, mzima, mmoja. Mmoja! Nimemhesabia mioyo miwili mara nne, ya mwisho Ijumaa iliyopita. Nikauliza nani alizalisha. Bibi Ngollo. Hapo nikaona nimeelewa kila kitu. Tulipokuwa watoto Isevya tulikuwa tunatishana kwa hadithi za washenzi wa porini wanaomfukia pacha wa pili chini ya chungu asilie. Nilivua aproni nikaondoka bila kumwambia Sista.

Masolwa alikuwa shambani. Apolinaria amelala kitandani, mtoto ananyonya, nzi wanamtembea mtoto machoni na hakuna wa kuwafukuza.

"Mwingine yuko wapi?" nikauliza.

"Mwingine nani, Mama?"

"Usinifanye mtoto. Doto yuko wapi?"

Akanitazama kwa woga. "Bibi alisema wewe ulikosea."

Nikatoka uani. Nyuma ya ua wa mabua wa kuogea kulikuwa na udongo uliochimbwa karibuni, mpana kama ungo. Nikapiga magoti kwenye tope, nikaweka sikio chini. Naandika kwa akili yangu timamu: nilimsikia. Mia na hamsini, hafifu, anachoka. Mtoto mzima chini ya ardhi! Jembe lilikuwa limeegemea ukuta. Nikalishika nikachimba, na majirani walipoanza kupiga kelele nikachimba kwa haraka zaidi, nikawaambia wanyamaze nisikie.

Kilitokea kipande cha chungu. Ndani yake kondo la nyuma, siku ya tatu hiyo, lina siafu. Na mimi nililitoa. Nililigeuza kwa mikono hii, nikalipekua, nikatafuta mguu, nikatafuta kichwa. Lilinipasukia. Harufu yake iliingia kooni ikakaa, na ipo mpaka sasa ninapoandika, ingawa nimesugua kucha kwa dawa ya lizoli mpaka zimetoka damu.

Apolinaria alikuwa ametoka nje akijishika ukuta. Alilia kilio cha msiba. Hata Isevya tunajua: mtu anayefukua kondo la mwenzake anamfunga uzazi, na mwenye kazi hiyo ni mchawi. Najua hivyo tangu utoto. Sijui kwa nini sikukumbuka.

Aliyenijia ni Bibi Ngollo. Wengine wote walikaa mbali. Akanipokonya lile kondo polepole, akalirudisha ndani ya chungu, akampa mwanamke mmoja akalifukie pengine. Kisha akaniletea kata ya maji.

"Nawa mikono, binti," akasema. "Nawa, twende. Usiwatazame."

Akanisindikiza mpaka njia kuu. Nilitapika mara mbili, na mara zote mbili alinishika paji la uso kwa vidole vile vya ugoro.

18 Desemba, Ijumaa. Mvua: nusu inchi.

Kliniki. Hakuja hata mmoja. Mezani shuka safi, kipembe, saa. Justus alikuja akasimama mlangoni, akaitazama meza, akaondoka. Safari hii hakuwa na chochote mdomoni.

19 Desemba, Jumamosi. Mvua: hakuna.

Mwanangwa, mkuu wa kijiji, amekuja na wazee wawili. Walikaa kwa Sista saa nzima. Hakuwasikia hata nusu, akawaambia mimi ni nesi wake bora na kwamba nilikuwa natafuta ugonjwa kwenye kondo. Sijui kama ametunga au ndivyo alivyoelewa. Masolwa alitema mate mbele ya mlango wangu akipita. Nimeyamwagia majivu.

25 Desemba. Mvua: robo. Noeli.

29 Desemba, Jumanne. Mvua: inchi moja.

Wamekuja watatu, wote wageni wa mbali. Wote watatu wana mapacha. Nilimwambia Sista moyo mmoja mmoja. Mara ya kwanza maishani naandikisha nisichokisikia. Nilijichukia, halafu nikamchukia yeye kwa kuamini.

5 Januari 1954, Jumanne. Mvua: inchi mbili na robo.

Bibi Ngollo amemleta Tekla. Wamelowa wote wawili, mto umejaa. Nilipowaona nilitaka kujificha, lakini nikasema, "Shikamoo, Bibi." Akashtuka kidogo. "Marahaba, mwanangu."

Akasema mtoto hachezi tangu Jumapili. "Mikono yangu inaniambia amekwisha," akanong'ona, Tekla asisikie. "Lakini mikono inazeeka. Wewe una kile kitu chako. Sikiliza wewe."

Tekla alikuwa amekaa wima mezani, kanga imefungwa vizuri, ananitazama kama mtu anayesubiri jina lake liitwe shuleni. Nikaweka kipembe. Sijawahi kusikia wazi vile. Kushoto, mia na thelathini na sita. Kulia, mia na hamsini. Walikuwa wanapiga kwa nguvu mpaka nilihisi meno yangu yanagongana. Niliinua kichwa, nikafuta sikio, nikasikiliza upya. Wapo. Nikajiambia: hapa siwezi kukosea, huyu ndiye wa kwanza, wengine ndio walionichanganya.

"Wazima," nikasema. "Wote wawili."

Tekla akaangua kilio cha furaha. Sista aliusoma mdomo wangu, akaandika. Bibi Ngollo akavigeuza viganja vyake, akavitazama mbele na nyuma.

"Basi mikono yangu imekufa," akasema, wakaenda zao kwenye mvua.

8 Januari, Ijumaa. Mvua: nusu inchi.

Tekla hakuja. Mto.

13 Januari, Jumatano. Mvua: robo.

Wamemleta kwa machela adhuhuri, Dionis na wanaume watatu. Amejifungua jana nyumbani. Mtoto mmoja. Bibi Ngollo alikuwa amembeba amefungwa kanga, akaifungua mbele yangu na mbele ya Sista.

Nimeona watoto wengi waliokufa. Huyu alikuwa amekufa zamani. Ngozi ilikuwa inatoka yenyewe kama ya nyanya iliyochemshwa, kichwa kimelegea, tumbo la rangi ya damu mbichi. Siku kumi, alisema Sista, labda zaidi kidogo. Siku nane zilizopita mimi nilimhesabia mia na thelathini na sita. Nilimwambia mama yake ni mzima. Nilimrudisha akatembee mtoni na maiti tumboni.

Sista alinitazama. Kwa mara ya kwanza hakuutazama mdomo wangu, alinitazama macho.

Kondo halikutoka lote, kipande kimebaki ndani. Tekla anachemka homa, na harufu yake imejaa wodi. Safari hii sikusikia kinyaa naye hata kidogo. Kinyaa chote kimenigeukia mimi.

Jioni nilifunga mlango nikachukua kipembe. Nikakiweka juu ya meza, nikasikiliza. Moyo. Nikakiweka juu ya gunia la mtama. Moyo. Juu ya kitabu cha sala, juu ya kiatu, juu ya ukuta nilioupaka chokaa. Kote mia na hamsini, kote Doto. Nikakitupa chini ya kitanda, nikasikiliza kwa sikio tupu hewani. Bado anapiga.

Wanawake wote wale niliowaambia wawili. Yule msichana wa ng'ambo ya mto ananunua vibuyu viwili.

14 Januari, Alhamisi. Mvua: sikusoma kopo.

Treni ya Tabora inapita Goweko saa nane mchana. Sista amesema Tekla asipofika hospitali leo, kesho tumzike. Machela ilikuwa tayari saa nne. Tekla akakataa.

Alishika chuma cha kitanda kwa mikono miwili. Dionis alimbembeleza, Sista alimgombeza, Bibi Ngollo alimshika miguu. Akasema neno moja tu, tena na tena, midomo imekauka: "Yumo." Nilikuwa nimesimama koridoni, sikuthubutu kuingia. Kisha nikamsikia akisema, "Bibi Nesi alisema wawili. Mmoja ametoka. Mwingine yumo, mzima. Nikienda Tabora watamkata."

Dionis alitoka akanikuta. Ni kijana mpole, ana mikono mikubwa ya kubeba mataruma ya reli.

"Umemwambia wewe," akasema. "Mimi sikulaumu, Mama. Ila ingia ukamwambie."

Nikaingia. Tekla aliponiona akaachia chuma, akafunua tumbo mwenyewe. "Msikilize, Mama. Waambie."

Nilisema hakuna haja, kwamba Sista ameshapima. Akatikisa kichwa. Hatamwamini mtu yeyote, ila kipembe. Basi nikaenda nikakitoa chini ya kitanda, nikakifuta vumbi kwa aproni, nikarudi nikainama juu ya tumbo lile linalowaka moto. Sista, Dionis, Bibi Ngollo, wote wakanyamaza. Nilimwomba Mungu anipe kimya. Kidogo tu, kama kile wanachokisikia watu wengine siku nzima bila kushukuru.

Alikuwepo. Kulia, chini, pale pale nilipomsikia Novemba. Mia na hamsini, imara, hana homa, hana wasiwasi wowote. Nilijua hayupo. Nilijua kama ninavyojua jina langu, na nilimsikia kama ninavyosikia mvua juu ya bati. Nikafikiri: na kama leo ndiyo kweli? Kama siku zote nilikosea na leo sijakosea, namtoa mtoto mzima akafe Tabora. Nilikaa nimeinama nafikiri muda mrefu mpaka Bibi Ngollo akaniwekea mkono mgongoni.

Nikageuza kichwa, nikamwuliza kwa sauti ya chini, "Bibi, umeshika?"

"Nimeshika."

"Kuna kitu?"

"Hakuna kitu, mwanangu. Tupu."

Nikainuka. "Hakuna," nikamwambia Tekla.

"Umesikiliza vizuri?"

"Nimesikiliza. Hakuna moyo. Wala hakuwahi kuwapo wa pili. Mimi nilikosea."

"Apa."

Nikatoa rozari yangu mfukoni. Nikaushika msalaba, na nikaapa kwa Mama wa Mungu, ambaye nimebatizwa kwa jina lake, kwamba sikusikia kitu. Mtoto yule akawa anapiga tu wakati wote ninaapa.

Tekla alinitazama. Halafu uso wake ukafunga. Akajigeuza upande wa ukuta, akasema, "Nibebeni basi."

Walikimbia naye. Nilisimama barazani mpaka machela ikapotea kwenye miti ya mitundu. Baada ya saa nane niliisikia treni ikipiga honi Goweko. Nikamwuliza Justus, "Na wewe umesikia?" Akasema amesikia. Nikakaa chini.

15 Januari, Ijumaa.

Nimemwambia Sista yote, kwa maandishi, kurasa tatu. Alisoma mara mbili. Alilia, akasema kosa ni lake, alikuwa anaona aibu kukiri kwa wakubwa wake kwamba hasikii. Nikamwandikia kwamba si lake. Wanawake wote niliowaambia mapacha, Bibi Ngollo atawapitia nyumba kwa nyumba awashike upya. Alikubali bila kuringa. Alitaka apewe sabuni tu. Nilimpa miche yote niliyokuwa nayo.

Kusoma kopo la mvua sasa ni kazi ya Justus.

19 Januari, Jumanne.

Padre kutoka Kipalapala amepita. Nimeungama kwamba nimeapa uongo kwa Bikira Maria. Akauliza uongo gani. Nikamweleza. Akasema huo haukuwa uongo, binti, mtoto hakuwapo. Nikasema, Padre, mimi nilikuwa namsikia. Akanipa salamu Maria tatu, kama mtoto aliyeiba sukari.

Padre na Sista wameamua niende Tabora mwisho wa mwezi nikaonwe na daktari. Nimekubali. Nimefunga sanduku.

27 Januari, Jumatano.

Dionis amerudi na treni ya mchana. Nilimwona akija kwenye njia, nikashika nguzo ya baraza. Akatabasamu tangu mbali ili nisingoje.

Tekla atapona. Walimtoa kile kipande kilichooza, wakamchoma sindano siku saba, homa imeshuka. Jana amekula uji na kugombana na mgonjwa wa kitanda cha pili, mwanamke mmoja aitwaye Mwamvita, kwa sababu anakoroma. Daktari hajui kama atazaa tena. Dionis alisema hivyo huku anatazama chini, halafu akasema wao ni vijana.

"Amesema nikwambie asante kwa kuapa," akasema. "Anasema bila wewe asingeshuka kitandani."

Nikamsogezea kiti.

"Na madaktari walitazama vizuri, Mama. Hakukuwa na mtoto wa pili."

Nikamwambia najua. Nikampa maji ya kunywa, nikamwuliza habari za kazi, nikamsindikiza mpaka getini kama inavyopasa. Kisha nikarudi chumbani, nikafunga mlango, nikamlilia Doto, maana hakuna mtu mwingine atakayemlilia.